Samaki wa Posa ya Gatesi

Kwa miaka kumi na minane Nyirabagenzi alivusha nyanya kwenye mpaka wa Petite Barrière, akizigeuza moja moja kabla hazijaingia kwenye beseni. Alipochoka na mpaka, alichimba bwawa la tilapia kando ya mto Sebeya, na tabia ile ikamfuata: hakuna samaki aliyetoka kwake bila kutazamwa mbavu zote mbili.

Isipokuwa siku moja. Siku ya posa ya bintiye Gatesi alivaa mushanana, vazi la sherehe, na mama wa binti aliyevaa mushanana haingii jikoni. Majirani ndio waliokaanga samaki, wakwe kutoka Nengo wakawala hadi wakabakiza miiba mitupu.

Kesho yake, akivua kitoweo cha nyumbani, aliona uzi mweupe ukining'inia chini ya pezi. Akauvuta kwa kucha, ukakatika. Samaki wa pili naye alikuwa nao. Hata viluwiluwi vya chura pale ukingoni. Amewalisha wakwe minyoo! Na tangu waondoke, simu haijalia.

Hakumwambia mtu. Alitia samaki wawili katika ndoo ya maji, akafunika kwa kitenge, akaenda kwa Vénuste, daktari wa mifugo.

Vénuste aliwageuzageuza mezani, akacheka.

"Mama Gatesi, hii haiko munyoo. Ni ndugu ya kaa, ule wa kutembea upande. Inashika samaki, inashika chura. Inchi za mbali iko munyama kama mujusi, anaishi mu maji, naye inamushika."

"Na mutu? Jana wakwe walikula wa kukaanga."

"Mutu, hapana! Tena na mafuta ya moto vile, ingebaki nini? Lakini usivute na kucha. Mukia inakatika, kichwa inabaki mu nyama, inaleta kidonda. Kausha bwawa, jua ipige udongo."

"Bon," alisema Nyirabagenzi, akaketi, akafuta machozi kwa kitenge kilekile cha ndoo.

Akiwa njiani simu ikalia. Ni Mbabazi, mama wa bwana harusi, aliyekulia Karagwe.

"Bamwana, mkwe mwenzangu, utusamehe kwa kimya. Jana nyumba nzima ililala kwa shibe! Samaki wale tutawapata tena lini?"

Nyirabagenzi akaitazama ndoo. Angeweza kunyamaza.

"Mungojee kidogo, bamwana. Bwawa iko na mududu, naikausha kwanza. Daktari anasema haina ubaya kwa mutu. Ni ndugu ya kaa."



"Kumbe ulitupatia samaki na kaa kwa sahani moja, na sisi hatukushukuru!"

Nyirabagenzi alicheka hadi maji ya ndoo yakamlowesha viatu.