Mwendo wa Mama Mkwe

Scola aliingia kwaya ya vijana pale Dutwa akiwa msichana, akaimba sauti ya pili mpaka akaolewa, akazaa, na bado akaimba. Kanda yao ya kwanza waliirekodia Mwanza, ikapigwa madukani Bariadi mpaka utepe ukachoka. Lakini watu walimpendea kuigiza. Katikati ya nyimbo kwaya iliweka mchezo mfupi, na Scola akijifunga tu khanga kiunoni watu walishaanza kucheka.

Mwaka ule wafanyabiashara waliporuhusiwa kununua pamba, mmoja wao, Tajudin, aliikodi kwaya izunguke naye kwenye vituo vyake vya kununulia pamba. Alitaka mchezo wa kuwaonya wakulima wanaotia pamba maji na mchanga ili ipime zaidi. Scola akapewa kuwa bibi mdanganyifu.

Bibi huyo hakumtafuta mbali. Alichukua mwendo wa mama mkwe wake, Nyamizi, aliyeitwa Mayu, yaani mama, pale Dutwa: kuburuta mguu na kushika nyonga, pamoja na salamu yake ya Kisukuma ya kurudia: "Mwangaluka, mwangaluka, bana bane," yaani mmeamkaje, wanangu. Hakuwa na nia mbaya. Ndio mwendo aliouona kila asubuhi uani.

Kwenye kituo cha Nkoma watu walicheka, yakaisha. Huko hakuna aliyemjua Nyamizi. Lakini Dutwa mwanamke mmoja alipiga kelele, "Jamani, si Mayu Nyamizi huyo! Kumbe ndio kazi yake!"

Uwanja mzima ulicheka. Scola alisikia vizuri, na badala ya kuacha akauburuta mguu zaidi. Kicheko kilimnogea.

Siku chache baadaye Nyamizi alipeleka pamba yake kituoni kwa baiskeli ya mwanawe. Josia, mpimaji, hakuiweka kwenye mizani.

"Bibi, leo umetia ndoo ngapi?"

"Ndoo za nini, mwanangu?"

"Aa, tulikuona jukwaani!"

Akalimwaga gunia lote chini. Pamba ilikuwa kavu, nyeupe pe. Ilipogusa vumbi ndipo ikapata mchanga.

"Hii ni fifi," akasema Josia. Fifi ni pamba chafu, na bei yake ni ya kusikitisha.

Scola alikuwa pale na wanakwaya wenzake, wakisubiri gari la Tajudin. Alijipenyeza kwenye foleni, akapiga magoti mbele ya mizani.

"Josia, mama hajafanya kitu. Ni mimi niliyemwiga. Yale maji nimeyatunga mimi!"

Machozi yakamtoka. Foleni ikapasuka kwa kicheko.

"Ameanza huyo!"

"Lia tena, Scola!"

Tajudin mwenyewe, akishuka garini, alipiga makofi. "Hicho nacho tukiweke kwenye mchezo."

Kila alivyoapa ndivyo walivyozidi kucheka. Nyamizi alikuwa ameshainama, mkono nyongani, akipukuta mchanga kwenye pamba, fumbato baada ya fumbato.

"Nyamaza, mwanangu," alisema bila kumtazama. "Ukisema wanacheka. Okota."

Scola akaokota.