Gunia la Kamba Nyekundu

Fundi seremala alikuwa na ugonjwa mmoja usio na dawa: kufunua. Sufuria ikiwa jikoni, lazima aifunue. Gundi ikiwa inakauka, lazima aiguse. Ndiyo maana kwa miaka kumi na saba mkewe alimpiga marufuku kulisogelea lile pipa la kuchomea nyama nyuma ya nyumba, ingawa ni yeye aliyelikata, akalitia bawaba na wavu. Mbavu za nguruwe za kuivishwa kwa moshi zilikuwa himaya ya mke. Mtaa mzima ulimwita Bosi, na mumewe naye akamwita hivyohivyo, maana nani abishane na ukweli?

Lakini Jumapili hiyo Bosi alikuwa ameketi dirishani, shali mabegani, na shingo imebaki mishipa tu. Wiki saba zilikuwa zimepita tangu afanyiwe upasuaji wa tumbo, na chakula kilikuwa kimemkataa kabisa. Kesho yake asubuhi angepimwa uzito. Daktari hakumung'unya maneno: akipungua tena hata kilo moja, anarudi wodini kulishwa kwa mpira puani. Bosi naye hakumung'unya yake. "Nikirudi mle," alimwambia mumewe, "usinitarajie tena." Fundi alitoka nje akalia nyuma ya tangi la maji, mwanaume mzima, wala hakuona aibu.

Ijumaa, fundi akiwa anambembeleza kwa kijiko, Bosi alisema neno lililomfufua mumewe: "Labda mbavu. Ziwe laini, ziachie mfupa zenyewe. Hizo ningejaribu." Daktari alikuwa ameruhusu ale chochote ambacho moyo wake ungekitaka.

Basi fundi aliamka alfajiri akiwa na roho mkononi. Aliung'oa ule utando wa nyuma ya mbavu kwa kitambaa, kama alivyomwona mkewe akifanya alipokuwa akimchungulia. Akapaka chumvi, pilipili manga, vitunguu saumu na sukari kidogo. Mkaa akauweka upande mmoja wa pipa, mbavu upande wa pili, bakuli la maji katikati. Kuni zilikuwa zile za mpera ambazo Bosi mwenyewe alizipanga chini ya bati kabla hajalazwa. Kisha akashusha kifuniko na kuanza kuteseka.

Alitembea. Alikaa. Aliikalia mikono yake. Moshi ukitoka mzito na mweupe, anaufungulia hewa kidogo. Ukitoka mwembamba, anashusha pumzi. Kila akigeuka anakuta macho ya Bosi dirishani, yamemkodolea. Saa moja ikapita, mbili, tatu. Hakufunua. Wanaomjua hawataamini, lakini hakufunua.

Saa ya tano ilipotimia aliinua kifuniko mara moja, kwa haki yake. Nyama ilikuwa nyekundu iliyoiva, na ncha za mifupa zimejitokeza upana wa ukucha. Aliinyanyua kwa koleo. Ikajikunja, ikaanza kupasuka juu. Ilibaki nusu saa tu. Lakini moto ulikuwa umelegea na chini ya bati hapakuwa na kuni hata moja.

Alikimbia bandani. Gunia la kamba nyekundu lilikuwa pale mlangoni. Akapenyeza mkono, akachota vipande vitatu, akarudi mbio huku macho yake yakiwa kwenye pipa, akavitupa motoni na kushusha kifuniko.

Harufu ndiyo iliyomwambia. Ilikuwa kali, chungu, ya karakana.

Sheria ya kamba nyekundu aliitunga Bosi: gunia lenye kamba hiyo ni kuni za chakula, basi. Lakini wakati Bosi yuko wodini, fundi alitafuta kitu cha kufungia gunia la mabaki ya mbao za paa, mbao zilizolowekwa dawa ya mchwa, na kamba iliyokuwa karibu ni hiyo. Alijiambia atairudisha kesho. Kesho yenyewe ilikuwa bado haijafika.

Alivichomoa vipande kwa koleo, lakini moshi ulikuwa umeshapita juu ya nyama. Dakika mbili tu, alijiambia. Labda tatu. Nani angejua? Nyama imeiva, mgonjwa yuko tayari kula, kesho kuna mizani. Akaziangalia zile mbavu, nzuri kuliko chochote alichowahi kutengeneza kwa mikono yake, akazichukia. Heri nusu shari kuliko shari kamili. Alichimba shimo refu, mbwa wasije wakafukua, akazifukia.

Aliingia ndani na mikono mitupu.

"Ziko wapi?" Bosi aliuliza.

Akamweleza yote: gunia, kamba, dawa. Hakuacha kitu.

"Si ungenyamaza tu? Nimenusa pipa hilo tangu asubuhi. Ningekula, nakwambia."

"Ningekuua, Bosi. Kwa mkono wangu."

Bosi akainuka kwa hasira. Alishika ukuta, akashika meza, akafika mlango wa nyuma ambao hakuwa ameufikia kwa wiki saba, akanusa hewa na kusonya.

"Kamba yangu! Wavu tupa, tengeneza mwingine. Hilo pipa likwangue mpaka chuma king'ae, kisha ulichome tupu. Kesho tukitoka kwa daktari tunapita buchani. Utando nauvua mwenyewe. Wewe utakaa kule langoni, usinisogelee."

"Sawa, Bosi. Na akikulaza je?"

"Anilaze nani?" Akaegemea fremu ya mlango. Fundi akamwahi na kiti. "Lete ile supu."

"Ipi?"

"Niliyoikataa asubuhi. Nitasimamaje pipani saa tano nzima na miguu hii?"

Alikunywa polepole huku amekunja uso, kama anayegombana na kikombe. Alipumzika katikati, akafumba macho, na fundi hakuthubutu hata kukohoa. Kisha akamaliza, akakipeleka kikombe mbele bila kumtazama.

"Ongeza."

Fundi akakimbilia jikoni kufunua sufuria, na safari hii hakuna aliyemkataza.