Gusberi Zangu Katika Jiko Nisilokanyaga

Mvua ya mawe ilianguka alasiri moja mwezi wa sita, na kabla sijamaliza kikombe cha chai gusberi zangu zote zilikuwa zimelala chini, shina na matawi vimevunjika. Nilizunguka kwenye matope nikiokota. Nikapata matunda tisa yaliyoiva, bado yamo ndani ya maganda yao yale membamba kama karatasi. Tisa tu. Mbegu hiyo niliitoa kando ya msitu nikiwa kibarua wa kuchonga mawe, nikawa naichagua mwaka baada ya mwaka, tunda kubwa na tamu pekee ndilo linaachwa kwa mbegu. Madukani kuna nyingine ya pakiti, chachu. Yangu haipatikani popote. Ikifia kwangu, imekwisha.

Shule niliiacha darasa la tatu. Lakini kupanda najua, na sioni haya kusema hivyo. Niliyaponda matunda ndani ya maji, nikangoja mbegu zitulie chini ya bakuli, nikazisuuza na kuzianika juu ya gazeti. Mbegu ya gusberi ni ndogo, ukipiga chafya imekwenda. Huwezi kuimwaga nje wakati wa mvua: itasombwa, na itakayobaki kuku wataifukua. Lazima uianzishe ndani, mahali penye joto.

Sasa ndani wapi? Nyumba yangu ni ya mawe, nimeijenga kwa mikono hii, sakafu ni saruji tupu. Ni nyumba ya kujivunia, na najivunia. Lakini tangu mke wangu afariki hakuna moto wa kuni humo. Napikia gesi, na mwezi wa saba nyumba inakuwa baridi kama kisima. Joto liko jikoni kwa mke wa mwanangu, hatua chache kutoka kwangu. Na humo siingii. Kwetu baba mkwe hakanyagi ndani kwa mke wa mwanawe.

Nikachukua makarai mawili ya ujenzi, yale yaliyotoboka chini, nikayajaza udongo mweusi uliochekechwa, nikanyunyiza mbegu zote. Nikayapeleka mlangoni kwa jiko lake.

"Mama," nikamwita mke wa mwanangu, "haya yaweke karibu na mafiga. Usiyaondoe mpaka niseme."

"Sawa, Baba. Na maji?"

"Usimwage juu. Tia karai ndani ya beseni, udongo unywe kutoka chini."

Kila asubuhi nikawa nasimama pale nje kuuliza habari za mbegu. Mzee jirani yangu akapita na debe lake la mahindi akienda kusaga.

"Umefukuzwa, ama unaomba uji?"

"Naangalia miche yangu."

"Miche iko ndani, mkulima yuko nje! Wacha nizeeke nione mengine."

"Ulishazeeka. Pita, mashine inakungoja."

Siku ya kumi na mbili mke wa mwanangu akaniita kutoka ndani. "Baba, zimeota!"

"Ziache hapo hapo kwa moto."

"Lakini Baba, hapa kwa moto ni giza."

"Hii kitu nimeipanda kabla hujazaliwa. Ziache."

Nilisema hivyo kwa sauti kubwa, na nilikuwa naamini. Ukweli ni kwamba miaka yote mimi nilikuwa namkabidhi marehemu mke wangu karai mlangoni, na baada ya wiki kadhaa ananirudishia miche mlangoni. Mwanaume kwetu hakai jikoni. Alichokuwa anafanya huko ndani sikuwahi kumwuliza.

Wiki mbili zikapita, nikaomba nizione. Akatoa karai la kwanza. Ndani yake kulikuwa na nyuzi ndefu nyeupe, zimelaliana, zimenyauka shingo. Nikashika fremu ya mlango.

"Zimekufa," nikasema.

"Hilo ni lile ulisema likae kwa moto, Baba. Lilikaa."

Akarudi ndani, akatoka na la pili. Miche mifupi, minene, majani manne manne, kijani kibichi.

"Na hili?"

"Hili nililitoa kwa moto siku ile zilipoota. Nilikuwa naliwekanga dirishani upande wa migomba, naligeuza mara tatu kwa siku, kwa sababu dirisha ni dogo."

"Nilikuambia usiondoe."

"Uliniambia. Ndiyo maana nikakuachia moja."

Nikazunguka jiko kwa nje nikaliangalia hilo dirisha. Jiko lile nililijenga mimi, na ili kuokoa mbao nikaliwekea tundu la ukubwa wa mkate. Mbegu yangu iliyobaki ilikuwa imepona kwa kupokezana mwanga wa tundu hilo.

Kuomba radhi sijui, sikufundishwa. Kesho yake nikaja na panga, msumeno na fremu ya dirisha niliyokuwa nimeiweka kwa ajili ya nyumba yangu. Nikaukata ukuta wa udongo kuzunguka tundu lile, kutoka nje, sikuingiza hata mguu. Yeye alikuwa ndani, akiondoa vumbi kwenye sufuria.

"Baba, hilo si kubwa sana?"

"Shika fremu upande wako," nikamwambia. "Inua. Hapo, hapo."