Sayari ya Mokeira isiyo na mchumaji

Saa nne asubuhi, Ijumaa, kijijini karibu na soko la Birongo, Mokeira Obwocha anaua mimea. Anaifuta mmoja mmoja kwenye kompyuta, uso ameukunja.

"Huu hauwezi kuishi," anasema bila kuinua macho. "Mwanga haufiki."

Mwanga huo ni wa jua ambalo halipo. Kazi ya Mokeira ni kubuni sayari ngeni kwa ajili ya hadithi za kisayansi: mimea yake, viumbe wake, nani anamla nani na kwa nini. Kila kitu sharti kikubaliane na sayansi. Mtu wa filamu akitaka joka kubwa kama kanisa, yeye ndiye humuuliza litashiba nini.

Zamani alifundisha Biolojia huko Ogembo. Leo roho iko mkononi. Sayari aliyombunia Eric Mogire, mtayarishaji wa filamu jijini Nairobi, ilirudishwa. Ikirudishwa tena, kazi atapewa mwingine, naye alishamwahidi mama yake kwamba hapo atashika chaki tena. Jibu lazima lije kabla jua halijatua, maana wao ni Wasabato, na Sabato ikiingia simu huzimwa.

Na kosa lenyewe? Alifunika vilima vya sayari hiyo kwa vichaka vifupi, vilivyosawazika juu, vyenye majani meusi ya kunyonya mwanga hafifu wa jua jekundu. Vilipendeza mno. Eric, mzaliwa wa Keroka, alipoviona alicheka mpaka akakohoa.

"Dada, haya ni mashamba ya chai ya Nyamira umeyapaka rangi nyeusi! Na huko hakuna watu. Sasa ni nani anachuma?"

Mchai ukiachwa huwa mti. Ni mikono ya watu inayouweka usawa wa kiuno.

"Darasani nilikuwa nafundisha hayo," anasema Mokeira. "Lakini tangu nizaliwe naona chai imekatwa sawa, nikadhani ndivyo kilima kilivyo. Niliona aibu, kusema kweli."

Basi akaingia katika shamba la jirani yao Mokua, aliyehamia Eldoret na kuliacha. Watu hulipita wakitazama pembeni. Ndani alikuta michai mirefu kuliko nyumba, inasukumana kutafuta jua. Iliyochelewa ilikuwa imekauka, na chini yake uyoga na wadudu walikuwa wakijilia mabaki.

Alirudi akabuni upya. Sayari yake huelekeza upande uleule kwenye jua siku zote, kwa hiyo mpakani mwa mchana na usiku mwanga huja kutoka upande mmoja tu. Miti ya mbele imekuwa ukuta mweusi. Nyuma yake, gizani, wanaishi viumbe wasio na macho. Adhuhuri anamtumia Eric.

Saa kumi jioni simu inalia. Mama yake, Bathsheba, ndiyo kwanza ametoka kupeleka majani ya chai kwenye kituo cha kuyapimia. Anasimama mlangoni, kikapu mgongoni.

"Sasa hapo umenimaliza," Eric anasema. "Tunaichukua ilivyo."

Mokeira anafunika uso kwa viganja. Anacheka na kulia kwa pamoja. Kisha, kabla furaha haijapoa, anamwomba mama mstari mmoja wa chai usichumwe tena, aufuatilie ukikua, kwa ajili ya sayari zijazo. Ile ya shamba la Mokua itang'olewa karibuni.

Bathsheba anawaka. Huku, chai iliyoachwa hutangaza msiba.

"Baba yako alipanda hiyo chai na mikono yake. Niiache iwe msitu, watu waseme Bathsheba alishakufa?"

Mama anatua kikapu, anasogea, anautazama ule ukuta mweusi kwenye kompyuta.

"Na hawa wa nyuma wanakula nini?"

"Majani yanayoanguka, mama."

"Kumbe wanaishi." Anavuta kiti. "Chukua ule mstari wa chini, karibu na mto. Huo hauonekani barabarani."

Mokeira anapanga kuuacha mpaka umpite kimo, hata ikichukua miaka. Kuanzia Jumapili, Bathsheba, ambaye hajawahi kuruka kichaka hata kimoja maishani mwake, atafika kwenye mstari huo na kuupita bila kuugusa.