Wakurugenzi Wawili Wasiotazamana

Tukuswiga alikuwa na miaka kumi na minne ya ndoa, na hakuwahi kumtazama baba mkwe wake usoni. Usishangae. Kwao Ikinga, kule milimani Ileje, mke wa mtoto hamtazami baba mkwe, hakai naye chini ya paa moja, na jina lake halitamki hata ashikiwe panga. Akimwona anakuja, anaacha njia na kuingia shambani mpaka mzee apite. Wapo vijana wanaosema hayo yamepitwa na wakati. Tukuswiga hakuwa mmoja wao. Mama yake alimfundisha kwamba heshima si utumwa, naye akashika hivyo hivyo.

Sasa sikia kosa lilipoanzia. Mumewe, Rabson, alifungua kampuni ya kununua mahindi Mbozi na kuwauzia Wazambia pale Tunduma. Akaandikisha wakurugenzi watatu: yeye, mkewe, na baba yake, Mzee Jonasi Mbonile. Rabson akiwa hai mambo yalikwenda, maana yeye ndiye aliyesimama katikati. Kisha akafa kwa ajali ya lori, wakabaki wawili wasiotazamana, na benki inataka sahihi mbili kwenye kila hundi. Jamani! Lakini nani angemwambia mzee ajitoe? Na nani angemnyang'anya mjane kilichoachwa na mumewe?

Wakajitafutia njia. Kila mwanzo wa mwezi Fortunata, karani wa ofisi, alimpelekea Tukuswiga kitabu cha hundi nyumbani. Yeye akaweka pembeni maharage aliyokuwa akichambua, akasaini karatasi zote zikiwa tupu. Kitabu kikarudi ofisini kwa mzee, naye akaweka sahihi yake, akajaza jina na kiasi. Kuuliza nani analipwa, au benki kuna nini, kungekuwa kumhoji baba mkwe. Mkamwana gani mwenye adabu humhoji baba mkwe? Tukuswiga akasaini hivyo mwaka mzima.

Ndipo ikaja hundi ya Osea wa Ihanda. Osea alikuwa kiongozi wa kikundi cha wakulima arobaini, na hundi ile ilikuwa bei ya mavuno yao yote. Mahindi yakavuka mpaka kwenda Nakonde, Zambia, hundi ikapelekwa benki, ikarudi kwa kukosa fedha. Wiki mbili baadaye akaipeleka tena, ikarudi tena. Osea hakuwa mtu wa ugomvi. Alikuja ofisini mara tatu na kofia yake mkononi, akaambiwa asubiri. Mara ya nne hakuja ofisini, alikwenda polisi.

Askari walipofika nyumbani kwake, Tukuswiga aliwaambia kwamba anayedaiwa ni kampuni.

"Mama," askari mmoja akamjibu bila ukali, "kampuni haina mikono ya kutiwa pingu. Mkono uliosaini ni wako."

Wakashtakiwa wote wawili, kwamba walichukua mali ya watu kwa hundi huku wakijua fedha haipo. Siku ya kwanza mahakamani majina yakaitwa, mzee akaingia kizimbani. Tukuswiga akabaki mlangoni. Kizimba kilikuwa kimoja, chembamba, na ndani yake amesimama baba wa mumewe! Hakimu akadhani ni dharau. Mwishowe aliingia kwa kurudi nyuma, khanga kichwani, uso ameuelekeza ukutani. Mzee alisomewa shtaka akasema si kweli. Tukuswiga naye akasema si kweli, kwa sauti ndogo ambayo karani wa mahakama aliomba airudie.

Kesi ikaenda miezi minne, wote wakiwa nje kwa dhamana. Wakili wa Tukuswiga, dada mmoja anayeitwa Anna, alimchosha kwa swali lile lile.

"Mama, sheria inamtaka aliyejua. Wewe hukujua. Nani alijaza ile hundi?"

"Unamjua."

"Mimi kumjua hakukusaidii. Useme wewe, mbele ya hakimu. Mficha uchi hazai, mama. Ukifungwa, watoto wako watatu watakwenda kwa nani?"

Kila alipotoka kwa wakili, Tukuswiga alikuwa akilia. Angekwenda jela kwa jambo asilolijua, au angemtaja baba wa marehemu mumewe kwa kinywa chake, mbele ya watu wa Ikinga waliojaa mabenchi yale. Aliomba Mungu mzee aseme mwenyewe. Mzee hakusema.

Siku ya utetezi Tukuswiga akaapa, akasimama kizimbani. Wakili akauliza. Akavuta khanga usoni. Hakimu akavua miwani.

"Mama, usipojibu, nitaamua kwa kilichopo mezani. Na kilichopo ni sahihi yako."

Tukuswiga akashika mbao za kizimba kwa mikono miwili.

"Nilisaini ikiwa tupu," akasema. "Aliyejaza ni Jonasi Mbonile."

Weee! Wanawake wa Ikinga walijifunika nyuso. Mmoja akatoka nje kabisa. Zamu ya mzee ilipofika, wakili wake akasimama kumwongoza, lakini mzee alimpungia mkono akae. Akasema ni kweli, alijaza yeye, akijua benki hakuna kitu, akitegemea Mzambia aliyechukua mahindi atalipa kabla hundi haijafika benki.

Hukumu ikatoka: Tukuswiga aachiwe huru, mzee aende jela mwaka mmoja, na mahindi ya watu yalipwe. Osea hakushangilia. Alivaa kofia akaenda zake.

Walikutana kwenye ujia wa nje, mzee katikati ya askari wawili. Miguu ya Tukuswiga ilitaka kuacha njia kama siku zote. Akaizuia. Akamtazama. Kumbe alikuwa na macho ya Rabson, yale yale.

"Baba," akasema, na lilikuwa neno lake la kwanza kwake, "miezi minne ulinyamaza. Kwa nini?"

Mzee aliinamisha kichwa.

"Nilijua huwezi kunitaja, mwanangu," akasema. "Nikajificha hapo."