Maiti Aliyebisha Hodi Mitundu

Saa kumi na mbili jioni, Mitundu. Melkizedeki Alute anafunga shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala la kijiji, anawasha jenereta, kisha anashika kipaza sauti. Yeye ndiye mfasiri wa gari la sinema.

"Sinema za kilimo wanaziangalia," anasema. "Ila hii ndiyo wanayoiulizia."

Ni sinema ya ajabu kutoka ng'ambo. Maiti anafufuka, anakuta familia yake imehama. Anazunguka na sanda yake akibisha hodi nyumba zisizo zake, akiomba radhi kwa adabu. Kichwa kikimdondoka, anakiokota, anakipangusa vumbi, anaendelea na safari.

Alipoionyesha hapa mwezi uliopita, watu walicheka hadi machozi. Ghafla Damari, mjane aliyehamishiwa hapa mwaka jana, 1974, wakati wa operesheni ya vijiji, akainuka na kupaza sauti kumwita marehemu mumewe: "Baba Selina, tuko huku!"

Kicheko kikakatika. Watoto wakawakimbilia mama zao. Mwenyekiti wa kijiji, Ndugu Chrispin, akaamuru mashine izimwe.

Asubuhi akamwita mfasiri. "Ndugu, unatuletea ushirikina. Maiti hatembei."

"Ni kweli, hatembei."

"Sasa ina faida gani?"

Melkizedeki akaaga na kuondoka. Akaenda kumwomba radhi yule mjane.

"Shikamoo mama. Nisamehe, nilikutisha."

"Marahaba. Hukunitisha wewe, mwanangu. Tulipakiwa kwenye lori, hata kumuaga mume wangu sikumuaga. Kaburi lake sasa ni kichaka. Hilo ndilo linalonitisha."

Wakaenda pamoja kwa mwenyekiti. Damari akayarudia maneno yale yale. Chrispin akainamisha kichwa. "Hata mama yangu yuko kule kwenye mahame, tulikohamishwa," akasema.

Jumapili iliyofuata, watu walichukua majembe wakarudi mahame kufyeka makaburi. Wakristo waliimba, Waislamu wakasoma dua. Chrispin alifyeka la mama yake peke yake, akakataa kusaidiwa.

Leo ni yeye aliyeomba sinema irudi. Damari ameketi mbele kabisa. Kichwa kinapodondoka, anacheka hadi kitenge kinamvuka begani.

"Ya uongo ile," anasema akijifuta macho. "Lakini imenisemea."

Wiki ijayo gari linaelekea Sekenke, na Melkizedeki ameshapanga atakachowaambia kabla ya kuanza.

"Nitawaambia, anayetaka kucheka acheke, anayetaka kulia alie. Na akitokea mtu wa kumwita mtu wake, nitanyamaza nimpishe aite."