Posa ya Mwigizaji

Bi Ghaliya hakumwamini Tihomir tangu siku ile alipovua viatu mlangoni kwake Ibra, Oman, akainama, akaweka mkono kifuani na kusema, "Shikamoo, mama," kwa sauti nzuri kupita kiasi. Marahaba aliitika, lakini rohoni akajiuliza: mzungu huyu kafundishwa na nani, na ana lake gani?

Aliyemfundisha alikuwa Hajar, bintiye wa pekee, anayeongoza watalii Nizwa. Tihomir alikuwa mwigizaji, Mserbia wa makamo. Baba yake alikuwa fundi wa treni katika mji mdogo huko kwao. Yeye akakimbilia Belgrade kusomea uigizaji, akapanda majukwaani miaka mingi kabla sinema hazijamtaka. Uso wake ulikuja kujulikana kwa tamthilia ya televisheni alimokuwa daktari. Kisha mkewe akafariki, na nyumba ikamshinda kukaa. Alipokuja kurekodi filamu katika kijiji cha Misfat al Abriyeen, Hajar ndiye aliyekuwa mkalimani wao. Wenzake wakarudi, yeye akabaki. Akapata kazi ya kuwafundisha vijana wa Nizwa kusema mbele za watu. Akasilimu. Halafu akaleta posa.

"Anaswali, anafunga. Wataka nini tena?" Khalaf alimuuliza dada yake.

"Nataka kujua lini anaigiza na lini haigizi," alijibu Bi Ghaliya.

Akaanza kumchunguza. Alipomsimulia jinsi marehemu mumewe alivyotoka Unguja bila hata kuaga, machozi yalimtiririka Tihomir papo hapo, kama bomba lililofunguliwa. Bi Ghaliya akamtaka mpwa wake Wijdan amtafutie filamu za Tihomir kwenye simu. Moja ilikuwa ya bwana mtanashati anayemuoa mjane, akaiuza nyumba ya mjane huyo na kutoweka. Lugha hakuijua hata neno, lakini aliona kuinama kule kule, na mkono kifuani vile vile.

"Mama, ile ni kazi yake," alisema Hajar.

"Hiyo kazi ndiyo inayonitisha."

Ijumaa ya kutoa jibu, Tihomir alifika kabla ya wengine. Bi Ghaliya alikuwa jikoni anachemsha kahawa, akasikia sauti kutoka majlisi, chumba cha wageni, na humo hamkuwa na mtu mwingine.

"Mama, mimi sina mtu," ilisema, taratibu. Ikakohoa. "Mama... mimi sina mtu." Safari hii kwa huzuni zaidi.

Akaingia na birika mkononi.

"Wamwambia nani?"

Tihomir aliiva uso. "Wewe, mama. Najaribu maneno."

"Kumbe mimi nafanyiwa mazoezi."

"Ndiyo. Jukwaani mimi siogopi. Hapa naogopa."

"Na machozi yale? Ya marehemu?"

Tihomir aliutazama msala uliokunjwa pembeni. "Yale niliyatafuta," akasema mwisho. "Nilifikiri mama anataka mtu analia. Lakini mume yako mimi simjui. Nisamehe."

Bi Ghaliya alipandwa na hasira, akalitua birika kwa kishindo. Alikuwa amemshika, na kushika huko hakukumpa raha aliyoitarajia. Mwongo angekana. Au mwongo hodari ndiye anayekiri?

"Mumeo," akasema. "Husemi mume yako."

"Mumeo," akarudia Tihomir.

"Hajar hatoki Oman. Na mbele yangu usilie tena mpaka uumie kweli."

"Sawa, mama."

Khalaf alipofika aliwakuta wanakunywa kahawa. Hajar na Tihomir walioana baada ya Idi.

Sasa wanakaa Nizwa, na Tihomir anawatayarisha wanafunzi wake kwa mchezo wa kwanza atakaouongoza kwa Kiarabu. Kila wiki Bi Ghaliya humpigia bintiye simu.

"Mkiwa peke yenu, huwa vipi?" aliuliza juzi.

"Analala mapema, mama. Anakoroma."

Bi Ghaliya akahamishia simu sikio la pili.

"Hata kukoroma watu huigiza," akasema.